Pua Niliyoazimwa Ukweni

Okoteni bibo lililoanguka lenyewe. Hilo ndilo la kwanza, wajukuu zangu, na mkilisahau hilo msihangaike na mengine. Bibo la kuchumwa mtini lina ukakasi unaokamata ulimi, na ukakasi huo hauondoki hata upike mpaka kuni zikuishie. Lililoanguka alfajiri, lina umande, halijaguswa na mbuzi, hilo ndilo lenyewe. Korosho unainyonga inakwenda guniani. Bibo linakwenda kwenye gogo la kukamulia. Watu wengi huku kwetu wanayaacha mabibo yaoze chini ya mikorosho msimu mzima, nami kila nikipita hapo natamani kulia.

Naandika haya kwa furaha. Kuna jambo limetokea Malolo msimu huu, na tangu litokee nawasimamisha watu njiani kuwasimulia, hata wasioniuliza. Nitalifikia. Kwanza mjue niliingiaje kwenye kazi hii, maana haikuwa yangu.

Mimi ni Bakari, mzaliwa wa Nambambo, Nachingwea, nyumba ya swala tano. Nimepika nipa, pombe kali ya mabibo, tangu ujana hadi meno yaliponihama, na tone moja halijapita kooni mwangu. Mkicheka, chekeni. Marehemu kaka yangu Issa, mwalimu wa madrasa, hakujua acheke au alie. Siku moja alinishika mkono nje ya msikiti akaniuliza nitamjibu nini Mola kuhusu wanaoinywa. Nilimwambia tu kwamba kazi hii nimeikuta ukweni, na mkwe hachagui jembe.

Maana kwetu, zamani, kijana alioa akahamia kwa wazazi wa mke. Unalima shamba lao, unaezeka banda lao, nao wanakutazama kama unafaa. Nami nilitoka Nambambo nikahamia Malolo, upande wa Ruangwa, kwa sababu ya binti mmoja aitwaye Somoe, ambaye mpaka leo ananipikia na kunisema. Na kitu kingine cha kujua: mama mkwe hatazamwi usoni. Hamkai mkeka mmoja, hamli sahani moja, mkikutana njiani mmoja anaingia porini mpaka mwenzake apite. Si ugomvi huo, ni heshima.

Sasa mama mkwe wangu, Binti Mchopa, ndiye alikuwa mpishi wa nipa anayetajwa kutoka Malolo mpaka Lionja. Aliipata kazi kwa mama yake, naye kwa mama yake. Wakati ule hakuwa na mtu mwenye nguvu wa kumsaidia ila mimi, mkwe mpya, ambaye hata kunitazama hawezi. Angenifundishaje?

Alizungumza na chungu.

Niwaeleze mtambo wenyewe kwanza. Maji ya mabibo yakichacha yanaitwa uraka. Chungu cha uraka kinakaa motoni, mdomo umefunikwa na kuzibwa kwa donge la unga wa muhogo. Bomba la shaba linatoka chunguni, linapita ndani ya hori la maji baridi, mvuke unageuka maji, unadondoka kwenye chupa. Yale matone ndiyo nipa. Binti Mchopa alikaa upande wa pili wa ua wa mabua, mgongo amenigeuzia, akakisemesha chungu kana kwamba ndicho kilichomwoa mwanawe. Moto ukizidi utamsikia: we chungu, leo una haraka ya kwenda wapi? Mimi napunguza kuni. Nikisinzia: we chungu, amka, maji ya hori yamepata moto. Nakimbia mtoni. Siku nilipozuia moto vizuri mpaka mwisho, alikisifu chungu kile kwa maneno matamu, mimi huku kichwa kikavimba.

Kichwa kilikuja kuvimba kwelikweli, na hiyo ni habari nyingine. Msimu wangu wa kwanza nilitaka nionekane mwerevu. Kuni zilikuwa mbali, na nyuma ya banda palikuwa na lundo la maganda ya korosho zilizobanguliwa. Ganda la korosho lina mafuta; ukilitia motoni linaruka kama limetukanwa. Nikasema, utajiri uko hapa, watu wanahangaika na magogo. Nikajaza jiko. Mtoto yeyote wa huku anajua moshi wa maganda yale ni sumu, ndiyo maana korosho huchomwa mbali, upepo ukiwa mgongoni. Nami nilijua. Lakini bwana harusi hana akili.

Moshi ulinipiga usoni. Kufika adhuhuri kope zilikuwa zimevimba zimefunga, midomo maandazi matupu. Somoe aliponiona alipiga ukelele, kisha akacheka, kisha akakumbuka ni mume wake. Nipa ya siku ile ilinuka lami, ikamwagwa yote.

Hapo ndipo Binti Mchopa alipovuka ua. Mtu asiyeona, alisema, hamtazami mama mkwe usoni, kwa hiyo heshima haijavunjika. Hukumu hiyo aliikata mwenyewe, na wazee wa ukoo wakaikubali. Akanipaka mafuta ya ufuta usoni, akanivuta mpaka jikoni, akanikalisha kipofu hivyo hivyo, akanidondoshea tone kiganjani. Hata hapo hakusema nami. Alisema, we chungu, mwambie asugue viganja anuse.

Wajukuu, siku hizo za upofu ndizo shule yangu. Maji ya kwanza yanayotoka bombani yananuka rangi ya milango, harufu inapanda moja kwa moja mpaka kwenye paji la uso. Hayo yanamwagwa. Hayauzwi, hayapewi hata adui, yanaua macho na yanaua watu. Kisha, ghafla, ukali ule unakatika, na bibo lenyewe linarudi, bivu, tamu, na nyuma yake kwa mbali kuna korosho inayokaangwa. Hiyo ndiyo nipa. Mwisho inaingia harufu ya nguo iliyolowa ikasahauliwa pembeni, hapo unaondoa chupa. Kazi yote iko kwenye ile mipaka. Ukiwahi, umewapa watu sumu. Ukichelewa sana, nipa yenyewe umeimwaga chini.

Uvimbe ulishuka, macho yakafunguka. Lakini mimi niliendelea kuyafumba. Nilijua nikiyafumbua tu, atarudi nyuma ya ua wake. Yeye naye aliona kabisa kwamba uso wangu umepona, akaendelea kunidondoshea matone na kukisemesha chungu. Tulijifanya hivyo mpaka mabibo yakaisha. Sijawahi kupendwa ukweni kama nilivyopendwa msimu ule.

Bomba letu nalo lina ukoo wake. Wazungu waliokuja Nachingwea kulima karanga kwa mashine walishindwa na ardhi, wakaondoka, wakaacha vyuma porini. Baba mkwe wangu alilifungua bomba kwenye trekta ambalo siafu walikuwa wameshahamia ndani. Alikuwa akisema karanga hatukuzipata, lakini bomba tumepata.

Na bomba hilo lilikaribia kutuponza. Tulikuwa tunapika kando ya mto, mgambo wakatutokea kwenye matete. Nilikipiga chungu teke, uraka ukaenda na maji. Binti Mchopa akalichomoa bomba, akalifunga mgongoni kwa khanga kama mtoto mchanga, akaanza kulipigapiga na kuliimbia. Mkubwa wa mgambo akamwuliza mtoto ana nini. Akajibu ana homa, anachemka. Na kweli lilikuwa linachemka. Wakampa pole, wakampisha njia. Mimi walinikamata kwa maswali kidogo kisha wakaniacha, maana hawakukuta kitu. Somoe aliniambia kwamba alama ya moto ule mama yake alikufa nayo mgongoni, na kwamba akiwa na wanawake wenzake aliionyesha kwa majivuno.

Msidhani kila mara tulicheka. Kabla sijafika Malolo, walimkamata kweli, wakamfunga Nachingwea. Somoe wakati huo bado msichana, ndiye aliyembebea chakula kwa miguu, na kila aliyekutana naye njiani alijua anakwenda wapi na kwa sababu gani. Mama yake alipotoka, Somoe aliapa kwamba hatalikanyaga jiko la nipa maisha yake yote. Hakulikanyaga. Amelima ufuta, amelea watoto, amenitunza mimi, lakini moshi wa nipa ukielekea upande wake anauhamisha mkeka. Ndiyo maana kazi ya wanawake wa ukoo ule ikaniangukia mimi, mwanaume, mgeni.

Wala sisemi sheria ilikosea yote. Watu wamepofuka, wengine tumewazika, kwa gongo ya walafi wanaoyatia chupani hata yale maji ya kwanza ili chupa ijae. Kupika bila kibali ni kosa, na mkikamatwa mkanitaja, nitasema niliwakataza.

Binti Mchopa alipolala kitanda cha mwisho aliniita. Ilikuwa mchana, nyumba imejaa watu, akasema wamwinue. Nikaingia nimeinamisha macho kama kawaida. Akaniambia niyainue. Nikamwona usoni, wajukuu zangu, uso ambao nilikuwa naujua kwa sauti tu miaka yote ile. Alikuwa na macho ya Somoe.

"Bakari," alisema. Hakuwahi kulitaja jina langu. "Pua hiyo nimekuazima. Kazi ya mama hurudi kwa binti. Ukizikwa nayo, umeniibia."

Alilala tena, na kesho yake tukamzika.

Mnaona shida yangu. Nimepewa kitu cha watu nikirudishe kwa mabinti wa ukoo, na mabinti wa ukoo hawakitaki. Somoe ameapa. Binti yetu mkubwa aliolewa mbali. Mwanahawa, mdogo wake, alikuwa mpishi wa mgahawa Ruangwa mjini, na kila nikimgusia aliniangalia kwa macho ya mama yake, anasema baba, mama hatanisamehe. Basi nikaendelea kupika peke yangu, kidogokidogo, nikiomba Mungu anipe umri mpaka mmoja wao abadilike. Umri alinipa. Alichochukua ni pua.

Mwaka juzi yalinishika mafua ya kifuani, nikalala sana. Nilipoamka nikaletewa kahawa, nikaona nimepewa maji ya moto. Nikanusa samaki mkavu, kimya. Nikanusa kwapa langu, nalo kimya. Somoe akasema kwake yeye halijapotea. Nilicheka naye, kisha nikatoka nje nyuma ya nyumba nikalia. Nilijua nimeshakuwa mwizi wa marehemu, na kitu chenyewe nilichoiba sinacho.

Haya, sasa sogeeni, maana ndipo penyewe.

Mwaka huu, mikorosho ilipoanza kutoa maua, Mwanahawa akarudi nyumbani kutoka mjini. Akasubiri mama yake aende kisimani. Akaniambia kwamba yeye na wanawake wenzake hapa Malolo wameunda kikundi, wamepata kibali cha kutengeneza kinywaji cha mabibo, mtambo wa chuma kisichoshika kutu umeshafika, una kipimajoto na kila kitu. Mafundi wamewaonyesha jinsi ya kuuwasha. Lakini hakuna kati yao anayejua kunusa mipaka, na anayejua aliyebaki hai ni mimi. Nikamwambia mwanangu, pua yangu imekufa. Akasema anajua. Akasema, "Basi nieleze kwa maneno, baba, mimi nitanusa."

Vijana, niliuona mtambo ule nikataka kuuchezea ngoma! Unang'aa mpaka unajiona meno. Na kipimajoto kile nilikipenda kuliko vyote. Laiti Binti Mchopa angekuwa nacho, chungu chake kingepumzika kutukanwa. Msije mkadhani mimi ni wa kung'ang'ania vya kale. Kipimajoto kinakuambia uko karibu na mpaka. Pua inakuambia umeuvuka. Shikeni vyote viwili.

Mabibo yalipoanza kuanguka, tukaanza. Nilimfunga Mwanahawa macho kwa kitambaa, nikamdondoshea tone kiganjani, akasugua. Alininusia yeye na kunisimulia, nami najibu kwa kumbukumbu. Akisema inachoma juu ya pua kama rangi mbichi, nasema mwaga. Akisema kuna utamu lakini umekaa nyuma ya ukali, nasema subiri. Mara ya kwanza alichanganya, tukamwaga upishi mzima. Mara ya pili alitapika. Wanawake wenzake walidhani namtesa mtoto wangu. Lakini alikuwa mpishi, ana subira ya wapishi, na taratibu akaanza kusema vitu ambavyo sikumfundisha. Siku moja akasema anasikia korosho inakaangwa kwa jirani. Nikashtuka, maana hilo nilikuwa sijamwambia.

Ikafika siku ya mkaguzi. Mtu wa wilayani alikuja kuchukua chupa ya upishi wa kwanza wa kibali, ikapimwe. Ikikutwa na sumu, kibali kinakwenda, na jina walilokusudia kubandika kwenye chupa, jina la Binti Mchopa, linaaibika mbele ya wote. Mchana kweupe, banda limejaa wanawake, moto wa kuni umekolea, mimi nimekaa kwenye kigoda jirani na bomba. Sina pua, lakini nina masikio. Namna tone linavyodondoka nimeisikiliza miaka mingi, na nilisikia limebadilika. Nikamwambia Mwanahawa aweke chupa.

Akanusa kiganja. Akasema bado.

Nikasema tone limebadilika, weka chupa. Akanusa tena, akasema bado, baba. Nikaona nipa nzuri inamwagika chini, nikainyanyua chupa mwenyewe niiweke. Mwanahawa akanizuia mkono. Wanawake wakatazamana, maana kwetu mtoto hamzuii baba mkono mbele za watu.

"Baba," alisema polepole, "naomba utoke. Unanichanganya."

Nikasimama. Nilitaka kukasirika, nikaitafuta hasira sikuiona. Nikatoka mpaka mlangoni, nikashika nguzo. Alinusa tena na tena, tone likidondoka, mkaguzi akimtazama. Kisha akanyoosha mkono, akaweka chupa. Nilimwona bibi mmoja wa kikundi, aliyemfahamu Binti Mchopa ujanani, akidondosha tone kiganjani mwake na kusugua. Alifunga macho. Akasema Binti Mchopa ameamka. Wanawake wakapiga vigelegele mpaka mbuzi wa jirani wakakimbia, na mkaguzi, mtu mpole, akacheka nao. Bomba la mtambo mpya ni refu, tone lake lina sauti nyingine. Masikio yangu yalizoea lile bomba la trekta.

Mkaguzi alichukua chupa yake akaenda. Majibu yamerudi, ni mazuri, lakini mimi sikuyasubiri. Niliondoka pale pale, nikashika njia ya nyumbani, natembea kwa haraka ambayo magoti yangu yameshaisahau. Nilikuwa nacheka peke yangu. Watoto waliokuwa wanakusanya mabibo njiani walidhani nimeonja.

Somoe alikuwa jikoni, ana mboga ya kisamvu motoni. Akaniuliza, baba Mwanahawa, mbona umerudi mapema.

"Nimefukuzwa kazi," nikamwambia.

"Na nani?"

"Na mwanao."

Mwiko ukasimama mkononi mwake. Alijua siku nyingi tulikuwa tunafanya nini kule bandani, alikuwa hasemi tu, na mkeka wake alikuwa ameshauhamisha upande wa pili wa nyumba. Akaniuliza kitu ambacho sikukitegemea. Akauliza kama moshi unaonekana barabarani.

"Unaonekana," nikasema. "Na mtu wa serikali alikuwa amekaa chini yake."

"Na hakuna aliyekimbia?"

"Hakuna aliyekimbia, mama Mwanahawa."

Aliuweka mwiko chini. Akachukua khanga yake kwenye kamba, akaitikisa, akajifunga kiunoni, akatoka bila kunitazama. Nilimfuata mpaka uani. Alianza kutembea, kisha akaharakisha, kisha mke wangu, mwanamke mwenye wajukuu, akawa anakimbia kabisa kwenda bandani, kwenye jiko la mama yake. Kisamvu kiliungua chote, nami nikakila hivyo hivyo, peke yangu, sikuwahi kula chakula kitamu kama kile.